Daktari Ood ni nani, na sauti yake ilikwenda wapi?

Swali la msomaji: "Shikamoo Mwalimu. Nimeangalia filamu ya zamani, nyeusi na nyeupe, inaitwa The Head. Kuna daktari mmoja, Ood, anakata kichwa cha profesa na kukiweka hai juu ya meza. Profesa nimeambiwa ni Michel Simon wa Ufaransa, mtu mkubwa. Huyo Ood simjui, ila nina hakika nimeshamwona kwenye kauboi alizokuwa akiweka marehemu baba. Ni nani? Na kama alikuwa hodari hivyo, mbona hajulikani? Je, bado yu hai?"

Marahaba, mwanangu. Macho yako hayajakudanganya, ni yule yule wa kwenye kauboi za marehemu. Anaitwa Horst Frank, Mjerumani wa Lübeck, mji wa bandari kule kaskazini, aliyezaliwa tarehe 28 Mei 1929. Hayupo tena. Alifariki Heidelberg tarehe 25 Mei 1999, zikiwa zimebaki siku tatu atimize miaka 70. Hapo nimemaliza maswali yako mawili mepesi. Lile la "mbona hajulikani" lina njia ndefu, kwa hiyo jimiminie chai.

Kabla ya hapo nikusahihishe kidogo: Michel Simon alikuwa Mswisi, mzaliwa wa Geneva. Jina ndilo alilipatia Ufaransa. Na usiichanganye filamu uliyoona na ile ya Kimarekani ya 1962 ambayo kichwa kilichowekwa kwenye sinia ni cha mwanamke. Watu huzichanganya kila siku. Yako ni ya Kijerumani, ya mwaka 1959, na jina lake la kuzaliwa ni Die Nackte und der Satan, yaani "Mwanamke Uchi na Shetani". Baadaye ikarudishwa sokoni kwa jina jingine, safari hii likimtaja mtumwa wa shetani aliye uchi. Filamu ni ile ile, hawakubadilisha kitu isipokuwa maandishi ya mlangoni.

Hicho ndicho kipimo changu cha aina hii ya sinema, ambayo mimi huiita sinema ya chambo. Bango linatangulia, filamu inafuata. Mtayarishaji anajiuliza mtu atasimama mbele ya bango gani akiwa na hela ya tiketi mfukoni, kisha anatafuta hadithi ya kulijaza: damu kidogo, bega tupu, daktari mwendawazimu, pango la kasumba Hong Kong. Mtayarishaji wa filamu yako, Wolf C. Hartwig wa kampuni ya Rapid-Film ya Munich, alikuwa fundi wa mchezo huo. Mwaka uliofuata alitoa nyingine ya wasichana waliokwama kisiwani pamoja na buibui wa ajabu. Mwaka 1970 akaanzisha zile "ripoti" za wasichana wa shule zilizojaza kumbi za Ujerumani Magharibi kwa mamilioni ya watazamaji, na ambazo leo ukiziangalia unaona aibu kwa niaba ya kila aliyehusika.

Lakini tazama alioajiri kwa ajili ya kichwa cha Profesa Abel. Mwongozaji ni Victor Trivas, mzaliwa wa St. Petersburg, aliyefanya kazi Berlin mpaka Wanazi wakamkimbiza. Huko Marekani aliandika hadithi iliyotengenezwa na Orson Welles mwaka 1946, na kwa kazi hiyo jina lake liliingia kwenye orodha ya waliopendekezwa kwa tuzo ya Oscar. Seti zilisimamiwa na Hermann Warm, mmoja wa wale waliochora vichochoro vilivyopinda vya filamu ya Daktari Caligari mwaka 1920. Ndiyo maana nyumba ile ya profesa haifanani na nyumba za filamu za bei rahisi. Watu waliojenga sinema kubwa ya Kijerumani kabla ya Hitler walirudi baada ya vita wakakuta kazi iliyopo ni ya kichwa kwenye meza ya maabara. Wakaifanya, tena kwa heshima zote.

Katikati yao amesimama kijana wa miaka 30 hivi. Ood anafika usiku, anaomba kazi, na baada ya nusu saa nyumba ni yake. Rudia kuangalia jinsi anavyosimama. Waigizaji wengi wakipewa daktari mwendawazimu hutoa macho na kupiga kelele. Frank anafanya kinyume: anapunguza. Anazungumza na kile kichwa kama fundi saa anayezungumza na mteja msumbufu. Anapomwahidi nesi mwenye kibyongo kwamba atampa mwili mpya, hana ukatili wowote usoni, ana subira tu, na huo mwili mpya ni wa mcheza dansi wa kilabu aliye hai bado. Filamu yenyewe ina matobo mengi. Yeye hana tobo hata moja.

Alifikaje hapo? Alitoka jukwaani, na katika filamu alijulikana mwaka 1957 kwa picha mbili za vita, moja ya marubani wa Kijerumani Afrika Kaskazini, nyingine ya wanamaji wa nyambizi. Miaka ile Wajerumani walikuwa wakipenda sana filamu za askari vijana waliodanganywa na wakubwa wao. Zilikuwa dawa ya usingizi, kama unanielewa. Kila filamu ya namna hiyo ilihitaji kijana mmoja safi wa kulilia na mmoja mwenye kitu kibaya machoni. Nywele za Frank zilikuwa za rangi ya nyasi kavu, macho mepesi kama kioo, midomo myembamba. Akapewa nafasi ya pili, na hakuachiwa aiteme.

Ukitaka kuona uzito wa bahati, mweke pembeni mwa Hardy Krüger. Huyu sisi wa huku tunamjua: ndiye Mjerumani wa filamu ya Hatari!, iliyopigwa Tanganyika na kutoka 1962, na alipapenda Momella, chini ya Mlima Meru, mpaka akanunua shamba akaishi pale miaka kadhaa. Krüger alimzidi Frank mwaka mmoja tu. Nywele zile zile, macho yale yale. Waingereza na Wamarekani walimtaka Krüger kama ushahidi kwamba Mjerumani anaweza kupendeka, na mtu mmoja alitosha kwa kazi hiyo. Yule mwingine, anayethibitisha kwamba ulikuwa na haki ya kuogopa, alihitajika katika nchi tano kwa wakati mmoja.

Nchi tano sikuzitaja kwa mapambo. Mwaka 1956 Ujerumani Magharibi iliuza tiketi za sinema zaidi ya milioni 800. Runinga ikaingia majumbani, na kufikia 1963 tiketi hazikufika milioni 400. Mtayarishaji aliyebaki peke yake angekufa njaa, hivyo wakaingia ubia: Mjerumani analeta fungu lake la fedha, Mtaliano lake, Mhispania au Mfaransa lake, na kila mmoja anadai waigizaji wake waonekane kwenye picha, ili filamu ihesabiwe ya kwao na iuzike kwao. Humo ndimo Horst Frank alimojengea maisha. Alikuwa, niseme bila kumdharau, fungu la Ujerumani lenye miguu miwili.

Mfano mzuri ni Les Tontons flingueurs ya Georges Lautner, 1963, vichekesho vya majambazi ambavyo Wafaransa wanavikariri mpaka leo kama sisi tunavyokariri methali. Fedha zilitoka Paris, Munich na Rome. Ukijua hilo unaweza kuisoma orodha ya waigizaji kama hati ya ubia. Wafaransa ni Bernard Blier na wenzake, pamoja na Lino Ventura ambaye ni Mtaliano aliyekulia Paris. Kuna Venantino Venantini kutoka Italia. Binti wa hadithi ni Sabine Sinjen, Mjerumani, na adui ni Théo, Horst Frank, akiwa amevaa vizuri kuliko wote. Hiyo pengine ndiyo filamu yake iliyotazamwa na watu wengi zaidi duniani, na nchini Ufaransa ukimuuliza mtu Théo ni nani atakujibu papo hapo. Mwulize jina la mwigizaji uone atakavyosita.

Sasa kauboi za baba yako. Mwaka 1964 kampuni ya Kitaliano ya Jolly Film ilikuwa na filamu mbili za kikauboi mkononi. Ile iliyoaminiwa, iliyopewa fedha zaidi, iliongozwa na Mario Caiano chini ya jina la bandia la Kimarekani, na steringi wake alikuwa Rod Cameron, sherifu anayeacha harusi yake kuwafukuza ndugu wawili walioiba benki. Kaka katili, Billy Clanton, ni Horst Frank. Filamu ya pili ilitumia seti hizo hizo, ikiwa na fedha pungufu na kijana wa runinga asiyejulikana aitwaye Clint Eastwood. Mwongozaji, Sergio Leone, naye alijificha nyuma ya jina la Bob Robertson. Muziki wa zote mbili ni wa Ennio Morricone. Unajua ni ipi iliyobaki.

Kinachoniuma zaidi ni Marianne Koch. Alikuwamo pamoja na Frank katika ile filamu ya marubani ya 1957. Miaka saba baadaye wote wawili wako jangwani Hispania kwa ajili ya kampuni moja. Koch amepangiwa filamu ya makombo, ile ya Leone, na uso wake unajulikana mpaka kesho. Frank amepewa ile nzuri. Angekuwa na wakala mbaya zaidi labda leo usingeniuliza swali hili.

Baada ya hapo aliitwa tena na tena. Mwaka 1968 alikuwa adui wa Terence Hill katika mojawapo ya zile kauboi nyingi za shujaa aitwaye Django, akiwa mwanasiasa anayeua kwa kutumia mikono ya wengine huku yake ikibaki safi. Mwaka huo huo alimchezea Enzo G. Castellari mjomba muuaji katika Hamlet iliyovishwa kofia za kikauboi. Wazo hilo linachekesha hadi uione, kisha huchekeshwi tena. Mwaka 1972 alimkabili Lee Van Cleef katika Il grande duello akiwa na nafasi mbili, mtoto na baba yake mzee aliyeuawa. Naamini hii ndiyo uliyoiona kwa baba yako, maana mtu akishamwona Frank mara mbili ndani ya filamu moja hamsahau kirahisi.

Kati ya kauboi moja na nyingine alikuwa popote penye hela: magendo ya Hong Kong, almasi za Mekong, mitaa ya St. Pauli kule Hamburg, jambazi wa Kimarekani anayetumwa kwa Fu Manchu wa Christopher Lee mwaka 1967, kabaila mpotovu katika Justine ya Jess Franco mwaka 1969. Hii ya Franco sikushauri uiangalie na wazazi sebuleni. Dario Argento alimpa mwaka 1971 nafasi ya Daktari Braun katika Il gatto a nove code, mmoja wa wanasayansi wanaoshukiwa mauaji. Argento alifanya ujanja mzuri: alijua mtazamaji akimwona Frank atasema "huyu ndiye", akamweka mbele kabisa kwa sababu hiyo. Kama ndiye au siye, sikuambii.

Sasa nikujibu lile la kutojulikana. Wengi hudhani ni kwa sababu alicheza takataka. Hapana. Klaus Kinski, mwigizaji mwenzake wa Kijerumani, alicheza takataka zaidi yake, mara nyingine filamu moja na Frank, kama ile Justine. Kinski alipata mwongozaji mmoja, Werner Herzog, aliyemtoa kwenye vumbi na kumpeleka Amazon mwaka 1972, na tangu hapo hata takataka zake za zamani zikaanza kuonekana dhahabu. Frank hakumpata mtu huyo. Lakini hata hilo kwangu ni nusu ya jibu.

Nusu nyingine ni sauti. Kauboi za Kitaliano hazikurekodiwa sauti kama tunavyodhani. Pale uwanjani kila mtu alisema lugha yake, Mtaliano Kiitaliano, Mhispania Kihispania, Mjerumani Kijerumani au Kiingereza cha kuungaunga, na sauti zote ziliingizwa baadaye studioni, kwa kila nchi upya. Mtu mwingine anasimama mbele ya maikrofoni, anaangalia midomo yako, anasema badala yako. Sisi tuliokaa kwenye vibanda umiza hili halitushangazi. Ukishamsikiliza Lufufu, au DJ Afro kule Nairobi, yule Mchina kwenye skrini hana sauti tena, ana mkono na teke tu. Hata The Head uliyoona ni toleo la soko la Marekani. Midomo ya Ood inasema Kijerumani, masikio yako yanapokea Kiingereza cha mtu mwingine kabisa.

Kwa mwigizaji wa ngumi na farasi hasara hiyo si kubwa. Kwa Frank ilikuwa kumnyang'anya nusu ya kazi. Nilikwambia anacheza kwa kupunguza. Uso unapotulia namna ile, kila kitu kinahamia kwenye koo. Alikuwa na sauti ya chini, kavu, ya mtu anayejua tayari utakachosema, na Wajerumani walimtafuta kwa sauti hiyo hata kwenye tamthilia za kusikiliza tu, ambamo uso hauna maana. Nje ya Ujerumani watu walipokea uso ukiwa mtupu, kila filamu na koo jipya. Ubongo wa mtazamaji hauwezi kuunganisha watu hao. Wewe mwenyewe umeishi naye miaka mingi ukidhani ni watu wawili, Ood na yule wa kauboi.

Ndiyo maana jibu lako lina kipengele ambacho hukukiuliza: huko kwao anajulikana. Krismasi ya 1979 runinga ya ZDF ilionyesha Timm Thaler, tamthilia ya watoto kutoka kwa kitabu cha James Krüss. Kijana maskini mwenye kicheko kizuri anakutana na tajiri mmoja mpole, Baroni de Lefuet, anayetaka kukinunua. Malipo yake ni kwamba kila dau atakaloweka atashinda. Mtoto anakubali, anashinda kila kitu, na hawezi kucheka tena. Baroni ndiye Horst Frank. Lisome jina Lefuet kutoka nyuma: Teufel, shetani kwa Kijerumani. Hakuna damu, hakuna bega tupu, hakuna kichwa juu ya meza. Kuna mtu mwenye nguo nzuri anayeongea taratibu, kwa sauti yake mwenyewe safari hii, na baadaye anacheka kicheko kisicho chake. Kizazi kizima cha Wajerumani kilichokuwa darasa la tatu au la nne mwaka ule kinajikunyata hadi leo ukiwatajia Lefuet. Wengi wao hawajawahi kusikia habari za Daktari Ood, na wangeshangaa sana kuambiwa shetani wao alifanya mazoezi miaka 20 nyuma katika filamu yenye neno "uchi" kwenye jina.

Uanzie wapi? Ile ya kichwa itafute upya, safari hii yenye sauti ya Kijerumani na maandishi chini. Usijali kama hujui lugha. Angalia dakika kumi za Kiingereza, kisha dakika hizo hizo kwa Kijerumani, utaona ni watu wawili tofauti. Baada ya hapo iangalie ya Argento, halafu Il grande duello. Ile ya Caiano ya 1964 iweke siku moja na ya Leone, ukitanguliza ya Caiano, na uhesabu nyumba na mitaa unayoitambua. Timm Thaler iache ya mwisho, na kama nyumbani kuna watoto wa miaka minane au tisa, waite wakae nawe. Na kanda za marehemu kama bado zipo, usizitupe. Nitumie picha ya kasha la ile ya Lee Van Cleef, niangalie ni toleo la nchi gani.